Shati Lisilofuliwa

Asubuhi hiyo ya mwaka 1986, Walter, karani wa reli, alikuwa amefungua gazeti ndani ya basi tangu Kariobangi bila kusoma hata mstari. Mbele yake mwanamume mmoja alikuwa akimwomba mama aliyeketi naye afunge mfuko wake, maana ulinuka jasho.

"Ni shati la mume wangu," mama akasema, macho dirishani kila basi liliposimama. "Wiki ya tatu hii tangu polisi wamchukue. Wakili ameomba jaji aamuru aletwe kortini, nao wameapa hawajawahi kumshika. Sasa hili nilipewa na nani pale stesheni Ijumaa, nikafue?"

"Mama, hao watu hawachezewi," mwanamume akamwambia. "Lifue, uwarudishie likiwa safi. Labda watalegea."

"Mama mkwe pia anasema hivyo."

Walter naye, kimoyomoyo, alikuwa upande wa sabuni.

Basi lilisimama karibu na korti. Mama aliinuka na mfuko wake, bwana yule akasogeza magoti apite.

"Nikilifua," akamwambia, "atakuwa hakuwahi kuwa kwao."

Akashuka. Harufu ilibaki pale kitini, na safari hii hakuna aliyelalamika.