Mwalimu Yotamu na Swali la Mtu Aliye Mlangoni

Baada ya miaka thelathini na mitatu ya kufundisha katika chuo chetu cha walimu, Mwalimu Yotamu Mwalwanda anastaafu tarehe 31 Desemba 1959. Alifika hapa Mufindi Januari 1927 akitokea Rungwe, na sanduku la mbao lenye nguo chache na vitabu vitatu vya Kijerumani. Kamati ya sherehe imeniomba niandike wasifu wake kwa kuwa nimefanya naye kazi tangu 1948. Nimeuandika mara tatu. Mara mbili za kwanza niliuchana kwa woga, na msomaji ataona sababu.

Kijerumani alikipata utotoni kwa wamisionari wa Rungwe. Vita vilipowaondoa wamisionari wale, alibaki na vitabu vyao na kamusi isiyo na jalada, akaendelea kujisomea peke yake. Vilikuwa vitabu vya wanafalsafa, watu wa zamani walioandika juu ya wema na ubaya, juu ya lugha, na juu ya sababu ya mtu kufikiri. Mkewe, Mama Yudith, huwaambia wageni kwamba mezani kwao wanakaa watano: yeye, mumewe, na Wajerumani watatu ambao hawajawahi kuleta hata kuni.

Wanafunzi walimwita Bwana Maana, kwa sababu kila jibu walilompa alilirudisha kwa kuuliza maana yake. Ni yeye aliyeanzisha desturi ya kuandika insha kwanza kwa Kihehe, Kibena au Kinyakyusa, ndipo kwa Kiswahili. Mmoja wa Wajerumani wake alishikilia kwamba kila lugha ina namna yake ya kuutazama ulimwengu, na Mwalimu aliona kijana anayeanza kufikiri kwa lugha ya kuazima huishia kukariri. Mkaguzi mmoja alilalamika sana. Matokeo ya mtihani yalipotoka, alinyamaza.

Lakini somo lililojulikana kuliko yote lilikuwa la swali moja. Mjerumani mwingine alidai kwamba ni kosa kusema uongo hata kwa muuaji aliyekuja mlangoni kwako kumtafuta mtu uliyemficha. Darasa lilikuwa likibishana mpaka kengele ya chakula. Mimi, mwalimu wa hesabu, nilikuwa nikipita dirishani nacheka.

Juni 1954 nilikoma kucheka.

Wakati huo bwana mmoja wa afya, Ambrosi Kalinga, mwenyeji wa Mlandege, Iringa mjini, alikuwa akizunguka vijijini kupima malaria. Alikuwa akimdunga mtoto kidole, akachukua tone la damu, akaliweka kwenye kioo. Katika kijiji jirani mtoto mmoja aliyepimwa alifariki baada ya siku nne. Maneno yakaenea kwamba Ambrosi ni mumiani, anauza damu za watoto. Baba wa yule mtoto alikuwa Saulo, seremala aliyetutengenezea madawati.

Ilikuwa alasiri, ukungu umeshuka hadi kwenye nyasi, wanafunzi wako likizo, chuoni tumebaki mimi na Mwalimu Yotamu. Ambrosi alikuja anakimbia, kiatu kimoja hana. Alinyoosha kidole nyuma yake. Tulimwingiza kwenye chumba cha vitabu, tukafunga mlango. Muda si muda tukasikia miguu ya watu wengi, bila sauti hata moja.

Walikuwa kama ishirini, na mapanga na mikuki. Saulo alikuwa mbele. Macho yake hayakuwa ya mtu ninayemjua.

"Mwalimu, yumo humo?" aliuliza.

Alimtazama Yotamu, hakunitazama mimi. Yotamu alifungua mdomo, hakikutoka kitu. Nilidhani anataka kusema kweli. Niliwaza: mzee huyu na kitabu chake atamwua mtu. Basi nikasema mimi, haraka, kabla yake.

"Ametoka. Ameshika njia ya Nyololo, sasa hivi tu."

Wakageuka wote kwa pamoja, ukungu ukawameza. Yotamu alifungua chumba cha vitabu. Dirisha la nyuma lilikuwa wazi, na chumbani hamkuwa na mtu.

"Umewaambia njia gani?" aliniuliza, ingawa alikuwa amesikia.

"Ya Nyololo."

Ndipo nilipoelewa. Ambrosi alikuwa ameruka dirishani tulipokuwa tunaongea mlangoni. Mtu wa Iringa anayekimbia ataelekea wapi? Ataelekea Nyololo, kwenye barabara kuu na malori. Nilikuwa nimewaonyesha mahali alipo.

Tulikimbia. Mwalimu alikuwa na miaka hamsini na mitatu, na alinitangulia. Ndani ya shamba la miti ya miwati ukungu ulikuwa mzito kiasi kwamba niliona mgongo wake tu, na mara nyingine sikuuona. Kisha nikasikia mtu analia kama mnyama. Niseme wazi kwamba hapo nilisimama. Yotamu hakusimama.

Nilipofika, Ambrosi alikuwa chini, vidole viwili vya mkono wa kushoto havipo. Mwalimu alikuwa amemlalia. Mtu mmoja alimpiga Mwalimu begani kwa mpini wa mkuki, nikasikia mfupa ukilia. Hakuinuka. Alizungumza kwa Kihehe chake kibovu, kile ambacho sokoni kilichekesha watu kila Jumamosi. Siku ile hakuna aliyecheka.

"Saulo. Nijibu neno moja, kisha fanya utakalo. Ulimwona huyu akiuza damu, au ulisikia?"

Saulo alimsogelea hatua moja.

"Ulimwona?"

"Nilisikia."

"Kwa nani?"

Saulo akamtaja Jailos, aliyekuwa hapo hapo na panga. Yotamu akamgeukia Jailos kwa swali lile lile. Jailos naye alikuwa amesikia. Aliwauliza mmoja mmoja kwa majina yao, akiwa amelala juu ya mtu anayetoka damu, kwa sauti iliyotetemeka sana hata baadhi ya maneno yalikatika. Wote walikuwa wamesikia. Walipokwisha kujibu, wengine walikuwa wameshaanza kuondoka, wakikwepa kutazamana. Saulo alikaa kwenye majani, akamlilia mwanawe.

Ambrosi alipona. Mkuu wa chuo, ambaye hakujua nilitaja njia gani, alinisifu mbele ya watu wote kwamba niliwapotosha wauaji, na barua ya shukrani yenye jina langu ilitoka Mbeya, makao makuu ya jimbo. Yotamu alikuwa amekaa mbele, bega limefungwa, akipigapiga paja kwa mkono mmoja badala ya makofi. Nilingoja aseme. Nilingoja miaka minne. Kila alipoomba nafasi katika kikao cha walimu, nilitokwa jasho.

Mwaka jana nilishindwa kuvumilia, nikamfuata nyumbani.

"Kwa nini hukusema?"

"Niseme nini, Timotheo? Nami nilikuwa natafuta uongo. Koo lilikauka. Wewe uliupata kwanza."

"Kumbe yule Mjerumani alisema kweli: uongo wangu ndio uliowafikisha kwa Ambrosi."

"Yule hakumwona Saulo akiwa amesimama pale. Mimi nilimwona, na bado sijui. Zamani niliwapa wanafunzi swali nikiwa na jibu mfukoni. Sasa nawapa swali tu, na siku hizi wanafikiri vizuri zaidi."

Oktoba hii nilikwenda Mlandege nikamweleza Ambrosi kila kitu, mkewe Matilda akisikiliza. Ambrosi aliugeuza mkono wake wa kushoto. Kisha akaniambia niandike, ila nisisahau kwamba Mwalimu alimfunga jeraha kwa tai yake ya kanisani.

Walimu zaidi ya mia nne, kutoka Rujewa hadi Tukuyu, wamepita mikononi mwa Mwalimu Yotamu. Yeye na Mama Yudith wanarudi Rungwe kwenye migomba na kahawa yao. Kwa niaba ya chuo kizima, tunakushukuru, Mwalimu. Uishi miaka mingi yenye afya na amani, na bega lako lisikusumbue wakati wa baridi.

Barua ile ya Mbeya haikustahili kuwa na jina langu. Karatasi hii itasomwa ukumbini mkiwa nyote mpo, na Saulo amealikwa. Naogopa, lakini nitakuja.

Timotheo Mgaya
Mwalimu wa Hesabu