Shangazi wa Pasi na Majoho ya Mahakama

Leo, tarehe 30 Juni, Shangazi anaiweka chini pasi aliyoishika kwa miaka thelathini na mmoja katika dobi yetu. Sote tunamwita Shangazi, wakiwemo wateja wanaomzidi umri, naye anaitika bila kinyongo.

Alianza kwenye masinki ya kuloweka. Alihamishiwa kwenye pasi haraka kwa sababu, kwa maelezo ya meneja wa wakati huo, alikuwa akikosoa kazi za wenzake hata mikono yake ikiwa imejaa povu. Tangu hapo ana sheria moja: nguo yenye mikunjo haitoki. Bwana harusi mmoja aliwahi kukaa kwenye benchi letu amevaa kaptura, wageni wanamsubiri ukumbini, hadi suruali yake ilipomridhisha Shangazi. Ndoa ile ipo hadi leo, na Shangazi anaihesabu kuwa kazi yake.

Lakini wengi watamkumbuka kwa kesi. Bwana afya wa halmashauri alipewa ofisi mpya ng'ambo ya barabara, mkabala na dirisha letu, na mvuke wa pasi ukawa unafunika vioo vyake. Akatuandikia amri ya kufunga dobi kwa kosa la kutoa moshi. Tulimweleza kuwa ni mvuke. Akasema hayo tukayaseme mahakamani, akapiga kufuli na lakiri mlangoni, na wafanyakazi saba tukabaki barabarani na aproni zetu.

Mahakamani tukaenda kweli. Huko ndiko ilikogundulika kwamba majoho ya hakimu, ya wakili wetu na ya mwanasheria wa halmashauri yalikuwa yote ndani ya dobi, yameoshwa, yanasubiri pasi. Bila majoho kesi haisikilizwi. Bila kesi kusikilizwa, mlango haufunguliwi. Hakimu alikuja na sweta, akatangaza kwamba hawezi kusikiliza shauri akiwa na sweta, kisha akaingiwa na wasiwasi kama anaweza hata kuliahirisha.

Halmashauri ikaona haya, ikakubali kufungua mlango kwa nusu saa majoho yatolewe. Shangazi, mwenye ufunguo wa kabati la majoho hayo, akagoma. Wakili wetu alimnong'oneza kwamba anaharibu kesi yake mwenyewe. Yeye akamgeukia mwanasheria wa halmashauri mbele ya watu wote.

"Mwanangu, nguo haitoki kwangu na mikunjo, hata iwe ya hakimu. Nipe moto na watu wangu, nami nitakupa joho lako."

Pasi zilihitaji boila, boila ilihitaji watu, na watu walihitaji ruhusa ya kufanya kazi. Basi amri ikasimamishwa hadi shauri liishe kabisa, rufaa zikiwemo, na wateja wengine wakaingia humo humo na mashuka yao.

Tukashindwa. Hakimu, joho limenyooka hata inzi angeteleza, alisema bwana afya ndiye mtaalamu, na akisema ni moshi, basi ni moshi. Siku hiyo Shangazi alilia stoo, nyuma ya marobota ya taulo. Kati yetu walikuwepo wenye watoto shuleni, na mjini hapa hakukuwa na dobi nyingine ya kutupokea. Kisha akanawa uso, akaenda kukata rufaa.

Kwenye rufaa bwana afya alileta kielelezo: chupa iliyofungwa kwa lakiri, yenye moshi wetu aliokinga dirishani kwa mkono wake. Majaji watatu wakaifungua. Ndani kulikuwa na maji kiasi cha kijiko. Jaji wa kati akainusa, akampa wa kulia, wa kulia akampa wa kushoto, na wote wakaandika kwa muda mrefu sana. Amri ikafutwa. Bwana afya alihamia chumba cha upande wa nyuma, na siku hizi mashati yake tunayafua sisi.

Shangazi, tunakushukuru kwa ukaidi wako. Mimi ninayeandika haya ni mmoja wa wale saba, na wanangu wamemaliza shule kwa mshahara wa dobi hii. Pumzika, lala hadi jua likuamshe, na ukithubutu, vaa hata nguo iliyokunjamana. Tunakuombea afya, furaha na wajukuu wasumbufu. Unaondoka kwa hiari yako, na kesho asubuhi sisi tutafungua kama kawaida.