Maisha ya Anastasia Wakesho Mwandoe, Aliyeitetea Nyumba ya Voi katika Mahakama za Nchi Mbili

Mchungaji, ndugu zetu Wataita mlioko London, majirani wa Tottenham na nyote mliokuja kutushika mkono, familia imeniomba mimi Naftali, mdogo wake marehemu, niwasomee safari ya dada yetu.

Anastasia alizaliwa tarehe 9 Mei 1958 huko Wundanyi, Taita, akiwa kifungua mimba wa Mzee Righa na Mama Mkawasi, akasoma shule ya msingi hapo hapo nyumbani, kisha sekondari mjini Voi, na mwaka 1977 akajiunga na chuo cha uuguzi Mombasa, alikohitimu mwaka 1980 na kuanza kazi katika hospitali ya Voi.

Tarehe 18 Desemba 1982 alifunga ndoa na Lawrence Mwandoe, wakajaliwa watoto wawili, Jane na Zephaniah, na mwaka 1999 familia ikahamia hapa Tottenham, ambako dada aliwahudumia wazee wodini kwa miaka mingi, hata baada ya shemeji Lawrence kututoka mwaka 2006.

Mwaka 2010 alikopa kwa kampuni moja ya hapa London iliyokuwa ikiwakopesha watu wa Afrika Mashariki, akanunua nyumba Voi ili mama ashuke kutoka mlimani na kuishi karibu na hospitali, nayo nyumba hiyo ikawa dhamana ya mkopo. Mwaka 2013 aliumia mgongo akimwinua mgonjwa, akakaa bila kazi, malipo yakakwama, na tarehe 3 Machi 2014 mama akapiga simu kusema kwamba kuna mwanamume mlangoni anayedai ameuziwa nyumba na anataka mama ahame, ilhali dada hakuwa amepewa notisi yoyote ya mauzo.

Wengi walimshauri aiache, akakataa. Aliishtaki kampuni hiyo hapa London kwa kuiuza nyumba, akasimama mwenyewe bila wakili, na jaji, baada ya kumsikiliza kwa upole, akamwambia kwamba mahakama yake haina mamlaka ya kuamua nani mwenye ardhi iliyoko Kenya. Mimi nilikuwa nimekaa nyuma yake, nikadhani atalia, lakini alisema, "Mheshimiwa, basi naomba uamuzi huo kwa maandishi, niende nao kule unakosema." Tulipotoka nje Jane alimwambia kwa Kiingereza kwamba wameshindwa, naye akamjibu kwa Kiswahili, "Hatujashindwa, tumeelekezwa."

Alifungua kesi katika mahakama ya ardhi Mombasa, na huko wakili wa kampuni akapinga, akisema mkataba unataka kila mgogoro usikilizwe London. Jaji alimuuliza dada London walisema nini, naye akajibu, "Wamenirudisha kwako, mheshimiwa. Mama yangu hawezi kuishi katikati ya mahakama mbili." Mwaka 2016 jaji aliamua kwamba suala la mkopo na suala la umiliki wa ardhi ni mambo mawili, na kwamba hakuna mkataba unaoweza kuiondolea mahakama ya Kenya mamlaka juu ya ardhi ya Kenya, na mwaka 2018, baada ya kuahirishwa mara nyingi, mauzo yale yakabatilishwa kwa kuwa yalifanyika bila notisi. Deni halikufutwa, wala dada hakuomba lifutwe, alirudi wodini akafanya zamu za ziada mpaka akalimaliza mwaka 2021, na mama yetu, aliyefariki mwaka uliotangulia, alifia kitandani mwake, katika nyumba ya binti yake.

Mwezi wa Februari 2023 dada aligundulika kuwa na saratani ya kongosho, akaikabili bila kujificha, akawafundisha watoto wake kuoka mkate wa mofa na kuwakatalia wageni waliokuja na nyuso za msiba kabla ya msiba, hadi alipotutoka asubuhi ya tarehe 21 Oktoba, Jane na Zephaniah wakiwa wamemshika mikono.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi waliomtunza kama mwenzao, majirani, hasa Bi Champa wa ghorofa ya chini aliyemletea supu kila alipoweza kula, wafanyakazi wenzake wa wodini, na wote waliochanga ili mwili wake usafirishwe, kwa maana Ijumaa tunampeleka Voi, azikwe kando ya mama.

Dada Wakesho, hakuna atakayekuondoa tena pale. Pumzika, Mungu akulaze kwa amani.