Alichoambiwa Kiboko

Bajaji ya Sylvanus ilikuwa inatoka Bagara kwenda Nakwa na abiria wawili wasiojuana. Mmoja wao, mama mtu mzima, akamkaripia mbuzi aliyekaa barabarani, na binti aliyeketi kando yake akashtuka. "Sauti ni hiyo hiyo! Shikamoo mama. Ni wewe uliyemfokea kiboko jana asubuhi kule ziwani?"

"Marahaba. Kala mahindi yangu, nimwimbie?"

Binti akajieleza: anaitwa Viola, ni msanii. Amejaza chumba vibuyu vinavyoning'inia, na ukutani kuna filamu ya ziwa. Imekosekana sauti ya mtu tu, na maonyesho ni Jumamosi. "Naomba uyarudie yale maneno ya Kigorowa, nikurekodi."

"Yale ni matusi, mwanangu. Mimi ni mzee wa kanisa."

"Chini nitaandika tafsiri: 'Tafadhali ondoka.'"

Sylvanus, aliyelelewa na bibi kwa Kigorowa hicho hicho na kwa fimbo, nusura aingie mtaroni kwa kicheko.

"Na mchungaji wetu Mgorowa, naye atasoma tafsiri?"

Viola akashusha sauti. "Mimi pia Mgorowa, mama. Nyumbani tulifundishwa Kiswahili tu. Jana ndiyo mara ya kwanza kusikia lugha yangu ikisemwa kwa moyo wote."

"Ukaanzia kwenye matusi!"

"Nimeanzia nilipoikuta."

Bajaji ikasimama kando ya shamba la mama. Mistari miwili zaidi ya mahindi ilikuwa imelala chini, na nyayo za kiboko katikati. Mama akashuka, akavuta pumzi. Viola akainua simu. Mama akaitazama simu, akayatazama mahindi, kama mtu anayechagua aanze kumfokea nani.

Sylvanus akazima injini.