Sikio la Kushoto la Babu

Kijiwe chetu cha kahawa ni benchi la mbao lililoegemea ukuta wa nyumba yetu, upande wa kivuli. Asubuhi ile mchoraji wa mabango alikuwa amesimamisha ubao hapo, anamchora babu yangu uso wa mbele kutoka kwenye picha ndogo iliyopigwa kwa ubavu wa kulia. Kesho yake ukoo mzima ungekusanyika na ubao utundikwe sebuleni. Uso ulikuwa tayari, kasoro sikio la kushoto, ambalo pichani halikuonekana. Kwetu imesimuliwa tangu nikiwa mtoto kwamba babu alipoteza sikio ziwani, ndipo akapotea na mashua yake siku mbili. Msimulizi ni shangazi, binti yake, ndiye pekee aliyebaki kati ya waliomjua.

— Acha pengo, — nilimwambia mchoraji. — Historia ya ukoo hairembwi.

— Napinga, — alisema Rufaa, kinyozi ambaye hajawahi kukubali hukumu yoyote, hata ya refa. — Mwenye sikio moja kofia humkalia upande. Hii ya pichani imenyooka.

— Alijaza kitambaa ndani, — alijibu Darubini, mshona nguo, aliyepewa jina hilo kwa unene wa miwani yake. — Sikio lenyewe alilila samaki.

— Samaki gani huyo achague sikio, aache pua kama ile? — aliuliza Rufaa.

— Taratibu, — nilisema. — Pua hiyo ninayo mimi.

— Basi ni upepo. Upepo wa ziwani unang'oa mlango, sembuse sikio! — alisema Darubini.

— Na kupotea je? — aliuliza Rufaa.

— Si ndiyo hapo! Masikio ni mizani. Likibaki la kulia, unaelemea kulia. Mzee alipiga makasia siku mbili anazunguka palepale.

— Au liliota tena, — aliongeza Darubini, akipuliza kahawa. — Mjusi mbona anaota mkia?

— Wazee, rangi inakauka, — alisema mchoraji.

Shangazi akatoka ndani na kikombe chake, akifuata kahawa. Tukamwamkia, akaitikia. Meno ya mbele hana. Kila “s” kwake ni “sh”, nasi tumezoea kumsahihisha kimoyomoyo. Akautazama ubao kwa muda mrefu.

— Mbona mmemkata baba shikio?

Rufaa akajishughulisha na kijiko.

— Shangazi, — nilisema, — si wewe uliyetuambia lilipotea ziwani?

— Lilipotea, ndiyo. Lilichomoka kule nyuma ya mashua, likazama. Chombo bila shikio utakigeuza na nini?

— Nyuma ya mashua kuna sikio? — Darubini aliuliza.

— Shikio! La kushika! Ule ubao wa majini, ukiupinda huku, chombo kinakwenda kule. Nyinyi watu wa magari mnaita ushukani.

— Usukani, — nilisema.

— Ndivyo nilivyoshema.

Rufaa alicheka mpaka kahawa ikammwagikia.

— Miaka yote hiyo mmemkata mzee wa watu sikio kwa kosa la mashua!

Nilimpa mchoraji ishara, naye akachovya brashi. Shangazi akasimama nyuma yake, akimwongoza kwa kidole.

— Livute nje kidogo. Hapo. Alikuwa akinibeba mabegani kwenda dukani. Nikivuta hili, anapinda kushoto. Nikivuta la pili, anapinda kulia. Nilimzungusha mtaa mzima, wala hakuniuliza tunakwenda wapi.

Akanyoosha mkono, akaugusa ubao kabla rangi haijakauka. Kidole kikabaki na doa la kahawia.

— Shikio langu hili, — alisema.

Nami, kwa mara ya kwanza, sikumsahihisha.