Mahat Bulle na Filamu ya Watoto Wazito

Marehemu Mahat Bulle Kulow alizaliwa Kotile mwaka wa 1929. Tarehe haikuandikwa, mama yake, Batula, husema tu kwamba mvua ilikuwa imekatika jana yake.

Alianza chuo cha Kurani huko huko Kotile, kisha akasoma Garissa mjini hadi darasa la sita. Mdomo wake haukufungika, jambo lililompatia viboko vya kutosha. Mwaka wa 1954 aliajiriwa kuwa dereva wa gari la sinema la serikali, na kwa udadisi wake akajifunza kamera hadi akakabidhiwa ya kwake. Alimwoa Arbia Dagane tarehe 9 Agosti 1957. Arbia alimwambia mapema kwamba yeye hapigwi picha, na hakupigwa.

Kazi inayomfanya atajwe sana ni ile ya Juni 1966, vita vya serikali na waasi wa huku kwetu vikiwa vimepamba moto. Alitumwa Bura kuwafilamu watoto tisa walioshindwa na masomo. Kamati ya elimu ingeitazama filamu hiyo Garissa na kuamua kama wafukuzwe. Mwalimu wao, aliyekuwa mgeni wilayani, alimsimamisha Shamis Jelle, msichana wa miaka kumi.

"Baba yako ana ngamia wangapi?"

Kimya.

"Umeona?" mwalimu akamwambia Mahat. "Wazito hawa."

Mahat alicheka waziwazi. Kwetu idadi ya mifugo haitajwi, ni kukaribisha jicho la hasidi. Na siku zile askari walikuwa wakiswaga mifugo ya watu kama adhabu. Jioni alisimama na Shamis zizini, kamera ikinasa picha, akamuuliza kama ngamia wote wamerudi.

Shamis aliwatupia jicho mara moja tu. "La, adeer. Yule wa sikio lililochanika hayupo."

Mahat alifurahi kupita kiasi, na furaha hiyo ikamponza. Asubuhi Jelle, baba wa msichana, alimjia.

"Walaal, ulimcheka mwalimu. Sasa wewe unaipelekea serikali ngamia wangu wote, na alama zao ubavuni."

Mahat alifungua kamera, akaivuta filamu yote juani, ikaharibika.

Mbele ya kamati alisimama mikono mitupu, akaomba jambo moja: watoto waletwe Garissa, waulizwe tena hesabu zile zile za mwalimu, lakini ngamia wageuzwe magunia ya chumvi. Walipoletwa, Shamis alijibu kabla swali halijaisha. Wote tisa walibaki darasani. Mahat alifutwa kazi kwa kuharibu filamu, na tusifiche, alinuna miezi mizima.

Ugonjwa wa kifua ulimwanza Desemba. Alilazwa hospitalini Garissa, akafariki Jumanne, tarehe 14 Machi 1967, baada ya adhuhuri, na kuzikwa siku hiyo hiyo kabla ya jua kutua.

Ameacha mama yake Batula, mjane wake Arbia, dada yake Osob, na watoto. Ni wangapi, hatusemi. Leo asubuhi Shamis amefika na baba yake kutoka Bura kutupa pole. Amewatazama watoto waliokaa mkekani, mahali pa baba yao pakiwa wazi, kisha akamgeukia Arbia.

"Mmoja hayupo," akasema, na Arbia, aliyekuwa hajalia tangu Jumanne, akalia.

Mola amhesabu miongoni mwa waja wake wema.