Mzee Kareli, Aliyeiestonisha Tura

Kabla sijaifungua karatasi hii nasema mapema, asiyeamini nitakayosoma ainuke sasa hivi, aseme, kisha akae chini anyamaze mpaka nimalize, maana nawajua watu wa Tura, mtu anasikiliza habari za marehemu huku anamfinya jirani yake kumwambia kijana huyu anaongeza chumvi. Siongezi. Mchungaji Eustace, wazee wangu shikamooni, mama zangu, ndugu zetu mliokuja kwa treni kutoka Tabora mjini na Kaliua, na nyinyi wa malori ya Igunga mliosimama kule nyuma kwa sababu kukaa mmesahau, mimi ni Ambrosi, mtoto wa mama Leonia, utingo ambaye hakuna anayefunga turubai kumzidi katika mkoa huu, niliishia darasa la tano, na ukoo ulitaka historia hii isomwe na mwalimu, lakini mwalimu angesoma vizuri mambo asiyoyajua, kwa hiyo nimeiandika mimi na nitaisoma mimi.

Marehemu Kaarel Lepik, ambaye jina lake lilitushinda akawa Mzee Kareli, alizaliwa tarehe 9 Machi 1911, katika kisiwa cha Saaremaa, nchi ya Estonia, akiwa mtoto wa tatu wa mkulima wa viazi, huko kaskazini ya Ulaya ambako alisema kuna miezi jua linachungulia tu na kurudi ndani, na bibi yake mzaa mama alikuwa mshirika wa Ndugu, yaani Moravian kama sisi, jambo ambalo Mchungaji hakuliamini mpaka marehemu aliposimama mlangoni pa kanisa akamwimbia wimbo wa kitabuni kwetu kwa lugha yake, beti zote tano, bila kitabu.

Kuhusu elimu, alisoma miaka sita katika shule ya kijijini kwao, akamaliza mwaka 1924, akajifunza ufundi wa mashine katika mji wa Tallinn kuanzia mwaka 1928, na mwaka 1934 akaajiriwa kuhudumia injini za meli ya mizigo, akazunguka dunia akiwa chini kwenye joto asione chochote, hadi mwezi Julai 1940, meli yao ikiwa Dar es Salaam, ndipo ilipokuja simu kwamba nchi yao imechukuliwa na Warusi na meli irudi, naye akashuka na begi moja, akasema harudi mahali ambako kwao hakupo tena. Wale mnaotabasamu, jaribuni nyinyi kesho asubuhi mwambiwe Tanzania haipo, tuwaone mtashuka wapi.

Tarehe 3 Februari 1941 aliajiriwa kuwa fundi katika karakana ya reli Tabora, akafanya kazi hapo kwa miaka ishirini na mmoja, hadi tarehe 31 Desemba 1962, alipohamia shambani kwetu Tura kufuga nyuki, na mafundi aliowafundisha wako hapa, wanajijua, vidole vyao vimetimia kwa sababu yake. Tulipopata Uhuru alikwenda kuomba uraia, karani akapekua orodha yake mara mbili, akamwambia, "Mzee, nchi yako haimo humu," naye akajibu kwamba imo, ila imekaliwa, karani akamuuliza, "Sasa si niandike Mrusi tumalize?" na Mzee akavaa kofia yake akatoka bila kuaga, akarudi baada ya wiki tatu, akatoka tena, ikawa hivyo kwa muda wa miaka miwili, mpaka karani akachoka, akaandika Estonia kwa mkono pembeni mwa fomu, na tarehe 18 Mei 1964 Mzee akapata karatasi ya uraia wa nchi yetu, akaikunja ndani ya Biblia, akisema ndiyo karatasi yake ya kwanza baada ya miaka ishirini na minne ambayo ina nchi iliyo hai.

Ndoa alifunga tarehe 21 Septemba 1957, katika Kanisa la Moravian Tabora, na mama yangu Leonia, mjane wa marehemu Petro wa genge la reli hapa Tura, mimi nikiwa na miaka mitatu na kamasi, na wajomba zangu Wakatoliki walinuna mwaka mzima, leo wamekaa mbele, tunawashukuru. Mungu akawajalia mtoto mmoja, Pelagia, aliyezaliwa tarehe 4 Mei 1958, na huyo neno lake la kwanza halikuwa Kiswahili wala Kinyamwezi, alimwita baba yake kwa Kiestonia, akamfuata nyuma kila mahali akiongea hicho hicho kama kinanda, naye Mzee katika maisha yake yote ya Afrika hakucheka kama miaka ile, hadi tarehe 19 Agosti 1961, Pelagia alipofariki kwa surua. Mama anasema Mzee alikaa siku arobaini bila kufungua mdomo. Siku aliyoufungua alinigeukia mimi, akanionyesha mkate, akanitajia jina lake kwa Kiestonia, nami nikalirudia, na hapo ndipo nilipoandikishwa kazi iliyokuwa ya marehemu dada yangu.

Mji wa Tabora tangu enzi za misafara umemeza watu, amekuja Mwarabu akawa Mswahili, amekuja Mmanyema akawa Mswahili, hata Mjerumani alikuja akaondoka anakula ugali kwa mkono, ila huyu alikataa kumezwa, akaanza yeye kutumeza sisi, na mwenzangu Mfaume wa lorini, yule pale, ndiye aliyesema kwamba Mzee anaestonisha kila anachokigusa. Ulezi wetu aliuestonisha, akauchachusha siku tatu kwenye chombo cha mbao, ukawa mkate mweusi ambao mgeni akiuona anauliza umeungua saa ngapi, na kina mama waliokuwa wanaziba pua mwaka 1965 ndio waliokuwa wanapanga foleni mwaka 1970. Kila usiku wa kuamkia tarehe 24 Juni aliwasha moto mkubwa uwanjani, kama desturi ya kwao, na kutaka watu waruke juu yake. Asali yetu alisema ni ya kwao, imepotea njia tu. Alijenga nyumba ya mvuke, ndogo, haina dirisha, mawe yanachomwa humo mpaka yanalia, mtu anamwaga maji, anakaa uchi kwenye ubao na kujichapa kwa matawi mabichi, na Balozi wetu wa nyumba kumi, Mzee Nikolaus, aliingia mara moja kwa ajili ya ukaguzi, akatoka mbio ameshika suruali mkononi, akasema humo ni jehanamu, tofauti yake mtu anaruhusiwa kutoka.

Lakini mkate na mvuke vilikuwa mchezo, kazi yake hasa ilikuwa mimi. Aliniambia wazi, nikiwa na miaka kumi, tukiwa kwenye mizinga ya nyuki, kwamba hajaona mtu wa kwao tangu mwaka 1949, kwamba lugha isiyojibiwa inaoza kinywani, na kwamba ananiestonisha mimi mmoja tu ili siku yake ya mwisho awepo mtu wa kumjibu. Nami nikashika. Niulizeni nyuki, niulizeni mvua, niulizeni matusi, nilikuwa navitaja vyote, kwa hiyo kuanzia Dodoma hadi Kigoma tulikuwa wawili tu, na mmoja wao ni mimi niliyefukuzwa na hesabu darasa la tano.

Mwezi Septemba 1974, wakati wa Operesheni Vijiji, tulihamishwa kutoka shambani kwetu, maili nne, tukaja hapa kijijini pamoja na wenzetu, Mzee akabeba mawe yake ya mvuke kwenye baiskeli, safari kumi na moja, akajenga upya, na mwezi Oktoba kamati ikatuita, kwa sababu ulinzi ulikuwa mkali na watu walikuwa wanauliza kwa nini mzee wa Kizungu anajifungia na kijana kwenye kibanda kisicho na dirisha wakizungumza lugha isiyojulikana. Balozi aliniuliza mimi, Mzee akiwa amekaa kwenye benchi hapo nje ya mlango, "Wewe kijana, huyu baba yako huwa anakwambia nini humo ndani?" Nilikuwa nimeomba kuingia mgambo. Nikasema, "Balozi, mimi hicho Kizungu sikijui, natikisa kichwa tu kumridhisha." Wakacheka, kesi ikaisha, Mzee akatusalimia vizuri tulipotoka, na tangu siku ile yeye aliendelea kuniambia mambo kwa Kiestonia kila asubuhi, na mimi nikawa namjibu kwa Kiswahili.

Kuhusu ugonjwa wake, Jumatatu tarehe 9 Agosti 1976, saa tatu asubuhi, marehemu alianguka kwenye mizinga, upande wa kulia ukafa ganzi, akapakiwa kwenye treni hadi Tabora na kulazwa hospitali, ambako madaktari waligundua ni kiharusi, wakamhudumia kwa kila walichokuwa nacho, Kiswahili chote kikawa kimemtoka, hata jina la mama likawa limemtoka, akawa anasema maneno ambayo waliokuwepo hawakuyaelewa, hali ikabadilika siku ya Ijumaa, na Jumamosi tarehe 14 Agosti, saa nne na dakika ishirini asubuhi, akakata roho, akiwa na umri wa miaka sitini na mitano. Ameacha mjane na mtoto mmoja wa kulea.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, hasa Nesi Tatu, aliyeomba ruhusa na kuja na treni ya jana, wafanyakazi wa reli waliotupa behewa la kumrudisha, majirani wa Tura waliopika na kuchimba, uongozi wa kijiji, Mchungaji na kwaya, na wenzangu wa malori waliolaza mzigo siku mbili kwa ajili yetu. Bwana alitoa, Bwana ametwaa, lala baba, amani ya Bwana wetu ikufunike.

Hapo ndipo karatasi inapoishia, lakini ndugu zangu msiinuke kwanza. Nimesoma kwamba alisema maneno ambayo waliokuwepo hawakuyaelewa. Nimeyaandika mimi, jana, mbele ya mama, na mama aliyapitisha kwa sababu hakujua, siku ile tulikuwa tumemwacha nyumbani kwa shangazi apumzike. Ilikuwa Alhamisi, saa nane mchana, muda wa kutazama wagonjwa, nimesimama na Mfaume na vijana wengine wawili wa lorini, na njiani kutoka stendi walikuwa wananitania, "Ambrosi Mzungu wa ulezi, leo utatutafsiria," nami nikawaapia kwamba sijui hata neno moja, ni uongo wa utotoni. Mzee alikuwa anatazama dari na kurudia jambo moja, tena na tena, kwa sauti ya mtu anayebisha hodi. Nesi Tatu akatugeukia, akasema, "Jamani, kuna mtu hapa anayeelewa anachosema huyu mzee?"

Nesi Tatu, dada yangu, umekaa pale, ulinitazama mimi ulipouliza, na ulinitazama kwa muda mrefu. Nilielewa. Alikuwa anauliza kama kuna mtu. Hicho tu, kuna mtu hapa, kuna mtu hapa, maneno ya mtoto wa miaka saba, alinifundisha mwenyewe kwa kusimama nje ya mlango na kuniacha nijibu kutoka ndani. Mimi nikakujibu wewe, kwa Kiswahili, kwa sauti ya kutosha wenzangu wasikie, kwamba hakuna.